Kambini tulisikiana hata kikohozi

Shangazi, shikamoo.

Nakuandikia usiku, watoto wamelala. Mimi ni mzaliwa wa Uvira, Kongo, lakini nimekulia na kuolewa katika kambi ya Nyarugusu, Kigoma, nilikokaa miaka 14. Mwaka juzi tuliletwa Norwe, mimi, mume wangu na watoto wawili, tukapangiwa mji mdogo wa wavuvi huko Finnmark, kaskazini kabisa. Watu wake hawafiki elfu tatu. Tumepewa nyumba ya vyumba vitatu, maji ya moto yapo, umeme haukatiki. Watoto wanasoma. Hatuna njaa. Ndiyo maana naona haya kuyaandika haya.

Nina upweke mpaka kifua kinauma. Kambini tulitenganishwa na jirani kwa turubai tu. Akikohoa usiku namwambia pole bila kuinuka. Hapa madirisha yana vioo vitatu. Jirani wa mkono wa kulia ni mzee anayeishi peke yake, na mwaka mmoja na nusu huu sijawahi kusikia sauti yake. Nikimsalimia anatikisa kichwa huku anaangalia viatu vyake. Kwenye basi, kiti kikiwa kitupu kando yangu, mtu anasimama. Hata theluji yao siielewi. Jumapili moja ilianguka usiku kucha, nikaamka mapema niichote, nikakuta ngazi zetu zimeshasafishwa mpaka barabarani. Nikasema moyoni, komune ya hapa, yaani halmashauri yao, inajali ngazi kuliko watu.

Kinachoniumiza zaidi ni mume wangu. Kambini alikuwa mwalimu wa kwaya, mtu wa maneno mengi na vicheko. Tangu jua lilipoacha kutoka mwezi Novemba, anakaa kwenye kochi na simu mpaka saa tisa usiku akifuatilia habari za nyumbani, halafu analala mpaka saa sita mchana. Darasani haendi tena. Mwaka jana ilikuwa hivyohivyo, ila kufika Aprili akarudi kuwa yeye. Nikimuuliza anasema, "Niko sawa." Nilimpeleka kwa daktari. Binti yetu wa miaka 11 ndiye aliyetafsiri, maana Kinorwe anatuzidi wote. Daktari akauliza analalaje na anawaza nini. Mume wangu akamtazama mtoto, akasema mgongo unamuuma. Tukapewa dawa ya mgongo.

Sasa anataka tuhamie Oslo walipo watu wetu. Dada zangu waliobaki kambini wakipiga simu nawaambia tunaishi vizuri. Nitawaambiaje kwamba nalia ndani ya nyumba yenye joto? Shangazi, tulikosea kuja?

Mama wa wawili, Finnmark

*

Marahaba, mwanangu. Nitaanza na hiyo dawa ya mgongo, kwa sababu hilo ndilo la kushughulikia wiki hii.

Mume wako hakumdanganya daktari kwa ukaidi. Alimlinda mtoto. Baba gani atasema mbele ya bintiye wa miaka 11 kwamba hapati usingizi, au kwamba haoni sababu ya kuamka? Na huyo mtoto angeyabeba maneno hayo apeleke wapi? Norwe yenyewe imeliona hili: sheria ya ukalimani iliyoanza kutumika Januari 2022 inakataza ofisi za umma kumtumia mtoto kama mkalimani, isipokuwa dharura na mambo madogo sana. Halikuwa kosa lako kutolijua. Kliniki ndiyo iliyopaswa kuagiza mkalimani kabla hamjaingia mlangoni.

Kwa hiyo piga simu tena, na useme maneno mawili tu kama Kinorwe kinakupiga chenga: tolk, yaani mkalimani, na swahili. Mgonjwa halipii. Omba miadi mirefu, wao wanaiita dobbelttime, kwa sababu mazungumzo ya mkalimani yanakula muda mara mbili. Kisha omba mkalimani wa simu aliye mji mwingine. Hapa nakuomba unisikilize vizuri. Katika miji ile midogo nimewaona watu wetu wakinyamaza mbele ya daktari kwa kuogopa kwamba mkalimani ni shemeji wa fulani, au wanasali kanisa moja. Mkalimani amefungwa na kiapo cha kutunza siri, lakini mume wako atasema kwa moyo mweupe zaidi kwa sauti asiyoijua, iliyoko kilomita elfu moja kutoka kwenye kochi lake.

Naye akisita kwenda, nenda wewe kwanza ukamweleze daktari yale uliyoniandikia mimi: analala saa tisa usiku, anaamka saa sita mchana, ameacha darasa, yalianza Novemba, mwaka jana yalianza wakati huohuo na yakaisha Aprili. Hicho kipande cha Aprili usikisahau. Kwa daktari kina uzito kuliko vyote.

Mwaka 1984 daktari wa akili Norman Rosenthal na wenzake huko Marekani waliandika kuhusu sonona inayokuja na majira ya baridi na kuondoka yenyewe mchana unaporefuka. Rosenthal alizaliwa Afrika Kusini. Alipohamia Marekani, alijiona jinsi nguvu zinavyomtoka kila baridi inapoingia, na huko ndiko udadisi wake ulikoanzia. Mtu wa jua aliyepelekwa kwenye giza. Nyarugusu, tofauti ya urefu wa mchana kati ya Juni na Desemba ni nusu saa hivi tu. Hapo mlipo jua linazama mwishoni mwa Novemba na halichomozi tena mpaka wiki ya tatu ya Januari. Adhuhuri mnapata mwanga wa bluu wa saa chache, basi. Saa iliyo ndani ya mwili hurekebishwa na mwanga wa asubuhi. Huo ukikosekana, na mwanga wa simu ukamulika uso usiku wa manane, mwili haujui tena kulala ni lini na kuamka ni lini. Sisemi ndiyo sababu pekee. Mtu aliyekimbia vita ana mengine kifuani, na hayo nayo daktari ayasikie.

Kuna taa maalumu za kutibu hali hii, zenye mwanga wa lux 10,000 (lux ni kipimo cha mwanga). Mtu anakaa mbele yake nusu saa kila asubuhi akinywa chai, bila kuikodolea macho. Taa ya sebuleni haikaribii nguvu hiyo hata kidogo. Muulizeni daktari kwanza, hasa kama mume wako ana ugonjwa wa macho au amewahi kupitia vipindi vya furaha iliyopita kiasi na kukosa usingizi siku nyingi. Wakati huohuo ombeni wote wanne mpimwe vitamini D. Ngozi yetu nyeusi inahitaji jua jingi zaidi kuitengeneza, na huko kwa miezi kadhaa halipo la kutosha hata kwa weupe. Wao wenyewe wanakunywa mafuta ya ini la samaki tangu utotoni.

Na kama siku moja atatamka kwamba afadhali afe, au kwamba mtaishi vizuri bila yeye, usingoje miadi. Piga 116117, ndiyo namba ya daktari wa zamu kote Norwe, usiku na mchana. Hatari ikiwa imeshafika mlangoni, piga 113.

Sasa nirudi kwako, mwanangu. Umeandika kana kwamba upweke ni mmoja, mimi nimesoma miwili. Mwanasosholojia Robert Weiss aliutenganisha mwaka 1973: upo upweke wa kumkosa mtu mmoja wa karibu wa moyoni, na upo upweke wa kukosa kundi, yaani majirani, wenzako wa kazi, watu wa kukujua kwa jina. Aligundua kwamba huu hauzibwi na ule. Hata mume wako angerudi kuimba kesho, bado ungelikosa lile turubai. Na hata mtaa mzima ungekusalimia, bado ungemkosa yeye kwenye kochi. Kwa hiyo usimbebeshe yeye mizigo yote miwili, wala wewe usiibebe yote kwa siku moja. Na hiyo aibu uiweke pembeni. Shirika la Afya Duniani lilitangaza mwaka 2025 kwamba mtu 1 kati ya 6 duniani anaathiriwa na upweke, na miongoni mwao wamo wenye maji ya moto.

Nimeikuta sentensi moja katika barua yako nikairudia mara tatu. Jumapili, ngazi, theluji. Mwanangu, komune husafisha barabara. Ngazi za nyumba ni juu ya anayekaa ndani, na kama nyumba ni ya komune labda kuna fundi anayepita, lakini katika miaka yangu tisa Tromsø, mji wa huko huko kaskazini mwa Norwe, sikuwahi kumwona fundi wa aina hiyo alfajiri ya Jumapili. Kuna mtu aliamka kabla yako, akashika koleo, akachota theluji yako mpaka barabarani, akarudi kwake. Siwezi kukuapia ni nani. Ila ukiniuliza, nitamnyooshea kidole yule mzee anayeangalia viatu.

Nakwambia hivi kwa sababu yalinikuta. Nilikuwa nikihudumia wazee, zamu za alfajiri, na wakati wa kahawa wenzangu walikaa kila mmoja akiruka kiti kimoja. Hakuna aliyeniuliza habari za nyumbani. Niliamini hawanipendi, nikazoea kunywa kahawa yangu nikiwa nimesimama dirishani. Novemba ya kwanza, jioni moja, nilikwenda kuchukua koti langu kwenye kulabu nikakuta kimebanwa kidude cha kung'aa, kile wanachokiita refleks, kinachoning'inia kwenye koti ili dereva akuone gizani. Kilikuwa na umbo la samaki. Hakukuwa na kikaratasi. Niliuliza, kila mtu akainua mabega. Ilikuwa Machi ndipo nilipomwona mama mmoja wa jikoni, ambaye sidhani tulikuwa tumebadilishana maneno ishirini, akibana samaki kama yule kwenye koti la msichana mgeni kutoka Ufilipino, huku anatazama nyuma asije akaonwa. Miezi minne nilikuwa nimetembea gizani na uangalizi wa yule mama mkononi mwangu, na moyoni nikimhesabu miongoni mwa wasionijali. Nilikuwa nasubiri maneno. Sisi tumelelewa hivyo, mapenzi huanza na hujambo, watoto hawajambo, usiku umelalaje. Kwao salamu ndefu ni kumwingilia mtu.

Sikwambii kila ukimya wao ni wema. Wapo wanaotubagua, niliwaona, na aliyesimama kwenye basi kukikwepa kiti chako huenda ni mmoja wao, au huenda ni mtu anayekwepa viti vyote. Hutajua, na kuwaza hilo kila asubuhi kutakumaliza. Niliacha kuhesabu waliosimama nikaanza kuhesabu waliokaa.

Lakini nataka tutazame pia kile ulichokiacha kambini. Uliandika kuhusu turubai. Mimi nawaza bomba la maji. Mtafiti Jeffrey Hall wa Chuo Kikuu cha Kansas alichapisha mwaka 2018 kazi ambamo aliwauliza watu waliohamia mahali papya muda waliotumia na wale waliokutana nao. Akakadiria kwamba inachukua saa 50 hivi kutoka kufahamiana tu mpaka urafiki wa juujuu, saa 90 kufikia urafiki kamili, na zaidi ya saa 200 kumpata rafiki wa karibu. Hebu piga hesabu na mimi. Foleni ya ndoo kambini, tuseme saa tatu kwa siku: saa 200 zinatimia katika siku 67. Hukutafuta marafiki, ulitafuta maji, na marafiki wakaja wamekaa juu ya ndoo zilizopinduliwa. Sasa maji yanaingia ndani kwa bomba lako, mkaa huombi, chumvi huazimi. Mlipopata yote hayo mkapoteza ile foleni, na hakuna aliyewaambia kwamba foleni nayo ilikuwa riziki. Wenyeji wako wako vilevile, kila mmoja na bomba lake. Huyo mzee amekaa nalo miaka mingapi peke yake?

Kwa hiyo tafuta foleni. Namaanisha mahali ambapo watu walewale hukutana siku ileile, wakiwa na kazi mikononi, kwa sababu mikono ikishughulika hata Mnorwe hulegea ulimi. Komune nyingi zina nyumba ya kujitolea inayoitwa frivilligsentral. Ulizia pale, au maktaba, siku ya kufuma na siku ya kahawa ya lugha. Masika theluji ikiyeyuka kutakuwa na dugnad, siku ambayo mtaa mzima hutoka kufagia na kuokota taka, na baadaye hula pamoja. Usikose, hata kama hukualikwa kwa mdomo; tangazo mlangoni ndiyo mwaliko. Na usikate tamaa haraka. Saa mbili kwa wiki ni wiki 25 mpaka hizo saa 50 za mwanzo. Nusu mwaka wa kufuma na kutabasamu bila kuambulia mengi. Mimi mwezi wa tatu nilitaka kuacha. Mwezi wa saba mwanamke aliyekuwa akikaa upande wangu wa kushoto aliniuliza mama yangu anaitwa nani.

Na huyo mzee, mwombe kitu. Usimpelekee chakula kwanza, atahisi ana deni na atajificha. Jina lake limeandikwa kwenye sanduku la barua, lisome kabla hujabisha hodi. Mwambie koleo lako halifai, je, akuazime lake, au akuonyeshe duka la kununua njumu za kuvalisha viatu barafu inapoteleza. Maneno kumi ya Kinorwe yanatosha, na safari hii mtoto abaki nyumbani. Akikuazima, rudisha siku hiyohiyo, sema takk, yaani asante, ondoka. Kisha wiki mbili baadaye omba kingine.

Kuhusu Oslo, namwelewa mume wako kabisa. Kusikia Kiswahili dukani ni dawa. Lakini programu mnayosoma, ile ya kuwaanzisha wakimbizi maisha ya Norwe, inatolewa na komune iliyowapokea, na mkihama kwa hiari yenu kabla ya kuimaliza, komune mpya hailazimiki kuwapokea katika programu yake. Mwombeni mshauri wenu wa programu awape jibu kwa maandishi kabla hamjafunga hata sanduku moja. Pia msiamue jambo hili Januari. Mtu aliye gizani kila mlango anauona wa kutokea. Wekeni mazungumzo hayo Mei, jua likiwa halizami, kisha kama bado anataka Oslo, nendeni kwa amani.

Umeniuliza kama mlikosea kuja. Binti yako ana miaka 11 na anazungumza na daktari kwa lugha ya nchi. Mimi sioni kosa. Naona gharama, na gharama hiyo mmeilipa ninyi wawili kimyakimya huku mkiwaambia watu simuni kwamba mnaishi vizuri. Chagua dada mmoja tu kati ya wale waliobaki, mmoja anayejua kutunza neno, umwambie ukweli. Hatakuonea wivu wa machozi. Tena yeye ana ukweli wake wa kukwambia ambao anakuficha asikuharibie raha, na mnaweza kukaa miaka mkidanganyana kwa upendo.

Mume wako usimwulize tena kama yuko sawa, jibu lake unalijua. Saa sita mchana, wakati ule mwanga wa bluu upo, mwekee koti mkononi mtembee mpaka bandarini na kurudi. Msizungumze kama hataki. Kama daktari ataanza kumsaidia na ukaona anavuta pumzi, basi pita kanisani uulize siku ya mazoezi ya kwaya. Miji ile midogo ina kwaya, na karibu kila kwaya niliyoijua kule ilikuwa na upungufu wa sauti za wanaume. Kuimba hakudai kujua lugha, maneno yameandikwa na noti anazijua.

Hapo Finnmark kuna mji wa Vardø. Jua zima linapoonekana kwa mara ya kwanza mwezi Januari, ngome ya Vardøhus hupiga mizinga na wanafunzi hupewa mapumziko. Sijui kama mji wenu una desturi yake ya siku hiyo. Hilo nalo ni swali zuri la kumwuliza mzee wa koleo.

Niandikie ukishapiga simu ya daktari. Hata mistari miwili.